Waliosomea Rauta kwa Picha

Saa mbili asubuhi mvua imekwisha, na barabara ya madukani mjini Bukoba inachuruzika maji mekundu. Katika chumba cha nyuma cha duka la nguo la Mzee Mahendra, Joviana Rutaihwa anapuliza vumbi kwenye kibodi, anabonyeza kitufe cha kompyuta na kusubiri.

Kompyuta inakohoa. Feni yake inazunguka, inasita, inapata nguvu.

"Amka, bibi," Joviana anaiambia. "Leo tuna mgeni."

Bibi anaamka. Baada ya muda kioo kinajaa viduara kumi na viwili vya kijani vilivyounganishwa kwa mistari. Kila kiduara ni rauta, yaani ile mashine inayopokea taarifa za mtandao na kuamua zipite njia gani. Lakini ukizungusha macho chumbani, hakuna rauta hata moja. Kuna meza, mabenchi mawili, marobota ya vitenge ambayo Mzee Mahendra hana pengine pa kuyaweka, na ukutani kuna picha kubwa ya rauta ndani ya fremu ya rangi ya dhahabu, imevikwa shada la maua ya plastiki.

Hiyo picha ina kisa chake. Tutaifikia.

Joviana ana miaka thelathini na sita, mzaliwa wa Nshambya, hapa hapa manispaa. Alifanya kazi Mwanza kwa miaka kadhaa kwenye kampuni ya intaneti, mkataba ukaisha, akarudi nyumbani na begi moja. Leo anaishi kwa kufunga intaneti kwenye nyumba za wageni na mashuleni, na kwa darasa hili la mitandao ambalo ada yake ni shilingi elfu thelathini kwa mwezi, kwa anayeweza.

"Asiyeweza analeta mkungu," anasema. "Mkungu wa ndizi ni ada halali hapa. Ukileta ndizi nshakara nzuri nakupa na somo la ziada."

Anacheka sana, Joviana. Ni mtu wa kucheka kwanza na kufikiri baadaye, ndivyo anavyojieleza mwenyewe. Lakini asubuhi hii anatazama mlangoni kila mara. Mgeni anayesubiriwa ni Mzee Buberwa, mwenyekiti wa ushirika mdogo wa wakulima wa kahawa wa Kagoma, wilayani Muleba. Anakuja na jibu.

Akisema ndiyo, wanafunzi wawili wa Joviana watapewa kazi ya kutunza mtandao wa ushirika huo, na darasa litaendelea. Akisema hapana, Joviana amekwisha kuamua kwamba atafunga chumba hiki na kurudi Mwanza kuomba kazi.

"Siwezi kuendelea kuwafundisha watu kazi ambayo hakuna anayewaamini kuifanya," anasema. "Ni kuwadanganya. Na mimi uongo siuwezi, unanitoa jasho."

Tatizo la kuaminiwa lilianzia hapo hapo, kwenye zile rauta zisizoonekana. Rauta moja ya kujifunzia ya kampuni kubwa, hata iliyochoka, kwa bei yake unapata ng'ombe wa maziwa na ndama wake. Darasa linahitaji sita, saba. Joviana hakuwa na ng'ombe hao. Akafanya wanavyofanya mafundi wengi wa mitandao duniani: akajenga maabara ndani ya kompyuta. Unachukua programu inayoendesha rauta, unaiacha bila sanduku lake, unaiamsha ndani ya kompyuta ya kawaida, na yenyewe inadhani ni rauta kamili. Ukiamsha kadhaa na kuziunganisha, una mtandao mzima mezani.

Mwanzo ulikuwa wa aibu. Kompyuta yenyewe ni ya Mzee Mahendra, aliyeitumia miaka mingi kwa hesabu za duka. Joviana akapakia humo programu nzito za makampuni makubwa. Ya kwanza ikaamka. Ya pili ikaamka kwa shida. Ya tatu ilipoanza, feni ikapiga kelele zikasikika hadi dukani mbele.

"Nilidhani kuna mtu anasaga mahindi!" anadakia Mzee Mahendra, ambaye amekaa juu ya robota lake la vitenge na hana mpango wa kuondoka. "Halafu nikanusa moto. Nikakimbia na ndoo ya maji. Ndoo! Nimwagie kompyuta! Mke wangu, Mama Manorama, akanikamata shati."

Mzee Mahendra ana miaka sabini na minne. Babu yake aliuza nguo katika mtaa huu, baba yake aliuza, na yeye anauza bado, ingawa maduka ya Wahindi hapa siku hizi unayahesabu kwa vidole na vidole vinabaki. Watoto wake wako mbali. Kihaya chake ni cha kutisha. Akina mama kutoka vijijini wanapopandisha sauti kumlalia bei, naye anapandisha kwa Kihaya hicho hicho mpaka wanacheka na kulipa. Alimpa Joviana chumba cha nyuma, anasema, kwa sababu kilikuwa kimya mno.

"Mke wangu alikuwa ananiuliza, Mahendra, hivi tumebaki wawili tu katika nyumba hii? Sasa hawezi kuuliza tena. Chai tunapika sufuria ile ya harusi."

Baada ya mkasa wa ndoo, Joviana aliomba ushauri kwa mafundi wenzake mtandaoni, wakamwelekeza kwenye programu nyepesi za rauta, zinazotolewa bure.

"Hizi hazina mapambo," anaeleza. "Hakuna rangi, hakuna madirisha ya kubonyeza. Ni akili ya rauta peke yake. Inajua njia, inajua majirani zake, basi. Faili lenyewe ni dogo kuliko video ya harusi unayotumiwa WhatsApp na hukuomba."

Kompyuta ile ile iliyoshindwa na tatu nzito ikabeba kumi na mbili nyepesi bila kutoa jasho. Furaha ya siku hiyo Joviana anaikumbuka vizuri, kwa sababu alitoka mbio dukani na kumkumbatia Mama Manorama, ambaye alikuwa ameshika mkasi na nusura wote wawili waumie.

Hapo ndipo picha inapoingia.

Watu wa kazi hii huliita faili la namna hiyo picha, kwa kuwa ni nakala kamili ya mfumo wa rauta, imegandishwa, inasubiri kuamshwa. Jioni moja Joviana akawatumia wanafunzi wake ujumbe mfupi: *Kesho kila mmoja aje na picha ya rauta.* Alimaanisha waje nayo kwenye flashi, kila mmoja na nakala yake.

Evarist alisoma ujumbe huo akiwa shambani kwake Maruku. Evarist ana miaka arobaini na saba, ni mkulima wa migomba na fundi redio, mtu mtaratibu asiyependa kulaumiwa. Akaoga, akavaa koti, akaja mjini. Akaingia nyumba ya wageni alimowahi kuiona rauta ikiwaka mapokezini, akambembeleza dada wa pale, akamwita mpiga picha.

"Nilimwambia aitoe kubwa," anasema Evarist bila kucheka. "Nisije nikafika mwalimu akasema haionekani."

Asubuhi wenzake wakachomeka flashi zao. Evarist akasimama, akafungua bahasha ya kaki, akamkabidhi mwalimu picha ya rangi ya rauta, ukubwa wa kalenda, na kona moja ikionesha kiwiko cha yule dada wa mapokezi.

"Nilicheka mpaka nikakaa sakafuni," anasema Joviana. "Halafu nikajiuliza, sasa kosa liko wapi? Nilisema picha. Mtu ameleta picha!"

Mzee Mahendra ndiye aliyeichukua na kuitia kwenye fremu. Na ilipofika Diwali, Mama Manorama alipokuwa anavibariki vyombo vya kazi vya dukani, mizani, mkasi na ile rula ya chuma ya kupimia vitambaa, akaja mpaka chumba cha nyuma, akaipaka picha ya rauta alama nyekundu na kuivika shada. "Nayo ni chombo cha kazi," alisema, na hakuna aliyembishia.

Evarist, kwa upande wake, alipoelewa, alielewa kuliko wote.

"Mwalimu alihangaika wiki nzima kutafuta maneno ya kutueleza," anasema. "Mimi nikamwambia, mwalimu, hili ni chipukizi la mgomba. Unalitoa kwenye shina la mama, unalipanda kwenye kibanja kingine, linakupa ndizi zile zile. Wewe una chipukizi moja, umepanda kumi na mbili. Tatizo liko wapi?"

Tangu siku hiyo Joviana anafundisha hivyo hivyo, kwa migomba.

Kuna jambo la pili ambalo msomaji lazima alijue kabla hatujafika Kagoma, nalo ni la salamu. Rauta zina adabu. Kabla ya kupeana habari za njia, lazima zisalimiane. Kila baada ya sekunde chache kila moja hutuma ujumbe mfupi kwenye waya: nipo hapa. Ya upande wa pili ikiusikia na kuitika, zinaandikana kuwa majirani. Bila ujirani hakuna kinachopita. Celina, msichana wa miaka ishirini na minne kutoka Nshambya ambaye ndiye mwepesi wa darasa, aliubatiza ujumbe huo jina la shikamoo, na jina likakaa.

Siku ya zoezi la kwanza kubwa, wanafunzi walijenga mtandao wa kubuni wenye makao makuu na matawi. Matawi wakayapa majina ya ndizi. Rauta ya makao makuu akapewa Evarist, naye akaiita Tata, yaani baba. Wakaunganisha. Asubuhi nzima mtandao haukupanda. Matawi yanasalimiana yenyewe kwa yenyewe, makao makuu kimya.

Joviana akaingia ndani ya Tata kutazama. Akakuta Evarist ameizima salamu, kwa makusudi kabisa.

"Nilimuuliza, Mzee Evarist, hii umeifanya wewe? Akasema ndiyo, mwalimu. Tata ni mkubwa. Mkubwa hasalimii kwanza, anasubiri kusalimiwa."

Hapa Celina anajifunika uso kwa kitabu. Amesikia hadithi hii mara nyingi na bado haiwezi.

"Nikamwambia, huku hakuna mkubwa, kila mtu anasalimia. Akaniuliza, hata Tata? Nikasema hata Tata. Akatikisa kichwa kwa huzuni. Akasema, basi hizi rauta hazikulelewa."

Tangu hapo "Tata hasalimii" ikawa msemo wa darasa. Umeme ukikatika, Tata hasalimii. Bodaboda akichelewa, Tata hasalimii. Mama Manorama naye akikuta dumu la maziwa tupu anasema hivyo hivyo.

Sasa twende Kagoma.

Ushirika wa Mzee Buberwa una ofisi moja na vituo vitatu vya kupimia kahawa vijijini. Kwa miaka yote uzito wa kahawa ya mkulima umesafiri kwenda ofisini kwa karatasi, mfukoni mwa dereva wa bodaboda, na mvua za Muleba hazina huruma na karatasi. Msimu huu viongozi waliamua kuunganisha vituo kwa mtandao. Antena zilikwisha kufungwa juu ya mapaa. Rauta nne zilizokwisha kutumika zilinunuliwa kwa mtu, zikawekwa ghalani katikati ya magunia, zikisubiri wa kuziwasha.

Joviana aliposikia, akawachukua Celina na Evarist wakaenda kujieleza mbele ya kamati.

Mzee Buberwa ni mwalimu mkuu mstaafu, mrefu, mwenye tabia ya kukutazama muda kidogo baada ya kumaliza kusema, kana kwamba bado anasahihisha.

"Mmewahi kufunga rauta ngapi?" aliuliza.

Joviana alikuwa bado anapanga maneno. Evarist, mtu mkweli, akamtangulia.

"Za kweli, mzee? Hata moja."

"Kwa hiyo mmesomea nini?"

"Picha."

Kamati ilicheka, anasema Joviana, mpaka mjumbe mmoja akatoka nje kupata hewa. Mjumbe mwingine akasema yeye pia ana picha ya ndege nyumbani, je, wampe ndege airushe?

"Nilitamani sakafu ipasuke," anasema. "Nikamwangalia Celina, nikaona macho yamejaa machozi. Hapo ndipo nilipokasirika. Nikasema, wazee wangu, wapeni siku moja. Moja tu. Wakishindwa sitawasumbua tena maishani."

Mzee Buberwa akamtazama kwa muda ule wake. Kisha akakubali, kwa sharti. Kazi ifanywe Ijumaa, na mwalimu asiguse kitu.

"Wewe tunakujua, umefanya kazi Mwanza," alisema. "Lakini kesho na keshokutwa tutakaobaki nao ni hawa. Siku hiyo wewe utakaa na mimi."

Na ndivyo ilivyokuwa. Joviana alikalishwa kwenye kiti cha plastiki barazani, mlango wa ofisi ukiwa wazi mbele yake, akapewa akamwani, ile kahawa kavu ya kutafuna anayopewa mgeni wa heshima. Akatafuna. Akaongezewa. Akatafuna.

"Mpaka saa nne nilikuwa nasikia mapigo ya moyo wangu kwenye meno," anasema.

Ndani, Celina aliwasha rauta ya kweli kwa mara ya kwanza katika maisha yake na akaruka nyuma.

"Inapumua!" alipiga kelele.

Ilikuwa feni. Rauta za darasani hazina feni, hazina uzito, hazina joto. Kisha akatafuta tundu la kwanza la waya, maana kwenye kompyuta kila tundu lina jina lake. Hapa yule muuzaji alikuwa amebandika stika ya bei juu ya majina yote. Celina akaibandua kwa kucha, taratibu, huku wajumbe wawili wakimchungulia dirishani na kunong'ona. Mmoja wao ni yule wa ndege.

Evarist naye alifunga rauta tatu ndani ya kitenge alichopewa na Mzee Mahendra, akazipakata juu ya bodaboda, akaenda kituo baada ya kituo. Mipango yote walikwisha kuifanyia mazoezi darasani, mara nyingi, na majina waliyaacha yale yale ya ndizi. Kazi ilikuwa kuyahamisha waliyoyajaribu kwenye picha kuyaweka kwenye chuma.

Kituo cha kwanza kikapanda. Cha pili kikapanda, kikakiona cha kwanza. Saa sita mchana cha tatu kikapanda, vyote vitatu vikawa majirani. Lakini ofisini kwa Celina, kwenye ile rauta waliyoiita Tata, hapakuwa na jirani hata mmoja.

Joviana alimwona kupitia mlangoni ameshika kichwa kwa mikono miwili. Akainuka.

"Kaa, mwalimu," alisema Mzee Buberwa.

Akakaa. Anasema hajawahi kukaa kwa shida namna ile.

"Taa zote zinawaka," Celina anasimulia. "Waya umeingia vizuri. Antena ni nzima, kwa sababu nilikuwa naona salamu za wenzake zinafika mlangoni. Zinafika, lakini yeye haitiki wala hasemi. Nikatazama tena. Halafu nikacheka peke yangu kama mwehu."

Akanyakua simu, akampigia Evarist aliyekuwa kituo cha tatu, na kwa kuwa mvua ilikuwa imeanza kupiga mabati, akapaza sauti yote aliyopewa na Mungu:

"Mzee Evarist! Tata hasalimii!"

Kutoka kwenye simu kikasikika kicheko cha Evarist, ambaye kwa kawaida hacheki.

Barazani Mzee Buberwa akaacha kutafuna.

"Tata nani hasalimii?"

Joviana alikuwa amekatazwa kugusa, hakujua kama kusema nako kumekatazwa. Akatia akamwani nyingine mdomoni. Mzee akajitazama, akatazama mlangoni, akainuka na uso uliobadilika.

"Ni mimi wanayemsema? Asubuhi walinisalimu, nikaitika! Niliitika au sikuitika?"

"Uliitika, mzee."

"Sasa mbona wananitangaza kwenye simu?"

Akaingia ofisini. Akasimama mbele ya Celina, na mbele ya wajumbe waliokuwa dirishani, akasema kwa sauti ya mtu aliyeumia, "Binti yangu, hujambo? Habari za kazi? Kama asubuhi nilikuwa na mawazo mengi, naomba unisamehe."

"Nilitaka kufa," anasema Celina. "Nikasema kwa unyenyekevu wa Kihaya, hapana waitu! Si wewe! Ni hii hapa!"

Ikabidi aeleze. Rauta ile ilikuwa imetumika kwingine, na huko waliizima salamu kwa sababu zao. Celina aliimwagia mipango yake mipya bila kuifuta ya zamani, na ule ukimya wa zamani ukabaki chini.

"Darasani kila rauta inazaliwa asubuhi, haina tabia," anasema. "Hii ilikuwa imeshaishi kwa watu. Nilipaswa kuisafisha kwanza. Sasa hivi nasafisha hata iliyotoka dukani na nailoni yake."

Mzee Buberwa akasikiliza mpaka mwisho. Kisha akauliza swali moja, la mwalimu mkuu. "Sasa utaifunzaje kusalimia?"

Celina akaandika mstari mmoja, akabonyeza. Yule mjumbe wa ndege akaingiza kichwa dirishani. Jina la kwanza la ndizi likatokea kwenye kioo, la pili, la tatu. Majirani.

Na kabla hawajaanza kushangilia, ujumbe wa kwanza wa mizani ukaingia kutoka kituo cha tatu: kilo sabini na mbili.

"Nani huyo ameleta kahawa kwenye mvua hii?" akauliza mjumbe mmoja.

"Ni mimi!" ikajibu simu, ambayo hakuna aliyeikata. Evarist alikuwa amepanda juu ya mizani.

"Hiyo kahawa imevaa koti," akasema Mzee Buberwa, na hapo ndipo ofisi nzima ilipolipuka. Joviana anasema alisikia kelele zile akiwa barazani, bado kwenye kiti chake, akafunika uso kwa mikono akalia. "Kilio kizuri," anasisitiza. "Andika hivyo. Kizuri."

Lakini mwenyekiti hakutoa jibu siku ile. Kamati ilitaka kwanza ione mtandao ukivumilia msimu wenyewe: magunia, foleni, vumbi, umeme wa kukatika. Mjumbe wa ndege bado alikuwa anataka kampuni ya mbali. "Nitakuja Bukoba mwenyewe kusema," alisema Mzee Buberwa, na tangu hapo kimya.

Ndiyo maana leo Evarist amevaa koti. Ndiyo maana Mzee Mahendra ana shati lililopigwa pasi, na Mama Manorama ameongeza tangawizi kwenye sufuria ya harusi. Celina anaamsha na kuzima viduara vyake bila sababu yoyote.

Namuuliza Joviana, akipata ndiyo, atafanya nini.

"Nitapeleka darasa Muleba," anasema papo hapo. Inaonekana jibu lilikuwa karibu. "Vijana wa kule wanatoka alfajiri kuja huku, nauli inawamaliza. Na mimi darasa langu lote linaingia kwenye flashi moja. Nikipata chumba na kompyuta moja iliyozeeka, wiki hiyo hiyo nimepanda kibanja kizima. Nataka mabinti wengi. Nataka akina Celina kumi."

Na akipata hapana?

"Usiniulize hilo, waitu. Kunywa chai."

Saa nne kasoro bodaboda inasimama mbele ya duka. Miguu mizito inapita kati ya vitambaa. Mzee Buberwa anatokea mlangoni, kofia mkononi, matone ya mvua ya njiani mabegani. Watu wote wanasimama kwa pamoja, midomo tayari kwa shikamoo.

Anainua mkono kuwanyamazisha.

"Shikamooni," anasema yeye.

Mtu wa umri ule, mwalimu mkuu, anawaamkia watu wa umri wa watoto wake. Hakuna anayejua la kufanya, na katika kuchanganyikiwa kule Celina anafungua mdomo na kuitika kwa adabu zote:

"Marahaba, tata."

Kisha anasikia alichokisema, anajifunika mdomo kwa mikono yote miwili. Mzee Mahendra ndiye anayeanza kucheka, anacheka mpaka anateleza kutoka juu ya robota, na baada yake hakuna wa kumzuia mwenzake, pamoja na mgeni.

"Niliambiwa mkubwa akinyamaza hakuna kinachopita," anasema Mzee Buberwa akijifuta macho. "Sasa nimesalimia, nimeitikiwa. Tumekuwa majirani au bado?"

"Tumekuwa, mzee," anajibu Joviana.

Mzee anaingiza mkono mfukoni, anaweka ufunguo mezani, karibu na kibodi.

"Kazi ni ya hawa wawili. Kamati imepitisha, na aliyetoa hoja ni yule mwenye picha ya ndege. Huu ni ufunguo wa ghala dogo nyuma ya ofisi. Ni lako, mwalimu. Watoto wetu nao wasome. Meza zipo, mabenchi yapo." Anatazama ukutani, kwenye fremu ya dhahabu na shada lake. "Tulichokosa ni picha tu."

Mzee Mahendra anainuka haraka kuliko umri wake, anasimama mbele ya fremu na kutanua mikono.

"Hii haitoki!"

"Usiwe na wasiwasi, mzee," anasema Evarist, akifunga vizuri vifungo vya koti lake. "Kagoma nitakwenda na mpiga picha. Safari hii tutapiga ya kwetu."